Karamu ya Pankot, nyumbani kwa Ba

Jumapili iliyopita binti yangu, ambaye maswali yake mnayajua, aliniuliza kama ni kweli Wahindi hula ubongo wa kima. Nilijua anatazama filamu gani hata kabla sijageuka. Nilimjibu kuwa si kweli, nikamwacha aendelee, na mchana kutwa nikawa namfikiria Ba.

Ba alikuwa bibi wa jirani zetu wa Upanga, Wagujarati wasiogusa nyama, samaki wala yai. Miaka ile Tanzania Bara haikuwa na kituo chochote cha televisheni, kwa hiyo deki ya video ya nyumba ile ndiyo iliyokuwa sinema ya watoto wa ghorofa zima. Siku hiyo mjukuu wake alikuwa ameazima Indiana Jones and the Temple of Doom, kanda iliyonakiliwa mara nyingi mno hata nyuso zikawa na mistari. Tulijazana sakafuni, na Ba akakaa nyuma yetu kwenye bembea yake ya sebuleni, sinia mapajani, akimenya njegere.

Ikafika karamu ya jumba la Pankot. Indiana akiwa anazungumza siasa na Waziri Mkuu na yule kapteni wa Kiingereza, mezani aliletwa nyoka mkubwa, akapasuliwa tumbo, na nyoka wadogo wakamwagika wakiwa hai. Wakafuata wadudu weusi wa kufyonzwa, halafu supu yenye macho yanayoelea, na mwisho vikaja vichwa vya kima, utosi ukifunuliwa kama kifuniko cha sufuria ili ubongo uliwe kwa kijiko. Sauti ya njegere kudondoka kwenye sinia ilikoma.

“Hawa watu wa wapi?” Ba aliuliza.

“India, Ba.”

“India ya wapi?”

Mjukuu hakuwa na jibu. Ba aliteremka kwenye bembea, akavaa miwani iliyokuwa ikining’inia kifuani, akaisogelea runinga na kuikagua meza ile kutoka mwanzo hadi mwisho. “Wamealika wageni, na chapati hakuna? Wali hakuna? Hata achari?” Sisi tulicheka mpaka tukajilaza sakafuni. Yeye hakucheka, na kama alikasirika hakutuonyesha. Aliagiza kanda irudishwe nyuma, akaitazama karamu yote kwa mara ya pili, kisha akasema kwamba aliyeandika mambo haya hajawahi kukaribishwa chakula na mtu.

Baadaye sana, mimi mwenyewe nikiwa naishi kwa kalamu, ndipo nilipojua kuwa filamu hiyo ya mwaka 1984 iliandikwa na mke na mume, Gloria Katz na Willard Huyck, na kwamba George Lucas, aliyebuni kisa chake, aliwachagua kwa sababu walijulikana kuipenda na kuifahamu India. Ningetamani Ba awe hai nimweleze hilo. Tena hakuwa peke yake, kwani serikali ya India nayo iliusoma muswada, ikataka ubadilishwe, na wapigaji picha wakaishia kwenda Sri Lanka.

Gloria alizaliwa Los Angeles na kusomea filamu Chuo Kikuu cha UCLA, na mumewe alitoka chuo kingine cha huko huko, USC. Mwaka 1973 ilitoka American Graffiti, ambayo waliiandika pamoja na Lucas. Iligharimu chini ya dola milioni moja, na ikawapatia wote watatu uteuzi wa Oscar. Katika Star Wars walirekebisha mazungumzo na kuongeza ucheshi bila majina yao kutajwa. Mume alipoongoza, mke alikuwa mtayarishaji, hadi Howard the Duck ya mwaka 1986, ambayo wahakiki waliirarua na ambayo baada yake Huyck hakuongoza filamu nyingine. Gloria alifariki Novemba 2018, akiwa na miaka 76.

Chama cha waandishi wa Marekani kina utaratibu wa kuweka alama ya & katikati ya majina ya watu walioandika kama timu, na timu hiyo huhesabiwa kuwa mwandishi mmoja, hata katika ujira, ambao wenyewe hugawana. Majina ya Katz na Huyck yaliunganishwa kwa alama hiyo. Hata hivyo, wanaomsifu Gloria hawasiti kusema kuwa ulimi mkali wa Princess Leia wa Star Wars ni kazi ya mkono wake, lakini ikifika zamu ya vichwa vya kima, lawama huenda kwa Spielberg aliyeiongoza filamu, au kwa Lucas, au kwa “wale wawili”. Sioni kama ni haki kumpa mwanamke sehemu nzuri peke yake, ingawa sijui pia ni haki gani ingefaa badala yake, maana mambo ya waandishi waliooana hufanyika jikoni na kitandani, mahali pasipo na kumbukumbu za kikao.

Mume wangu, ambaye mnamfahamu kutokana na michezo yetu ya redio, hana shaka kwamba karamu ile ni ya Huyck. Nilipomuuliza kwa nini, alijibu kuwa wanaume ndio hupenda mambo ya kutapisha mezani. Sikumbishia, wala sikumkumbusha ni nani aliyeandika ile sehemu ya funza kwenye uji, ambayo wasikilizaji hadi leo humpongeza yeye.