Walinzi wa Kivuli

Ami yangu, mdogo wake marehemu baba, alikuwa na hadithi ambayo Lamu nzima huisikii kwa mtu mwengine. Hilo lilitosha kutujulisha kuwa ameitunga mwenyewe, ingawa yeye alishikilia kwamba aliipokea kwa nahodha mmoja ambaye, bahati mbaya, alikwisha kufa.

Kwa maneno yake, zamani kule Takwa, kisiwani Manda, kabla watu hawajauhama mji, palikuwa na tarika isiyo na dufu wala bendera. Kazi yao ilikuwa kuuchunga wakati. Mara mbili kwa mwaka jua husimama juu ya utosi hasa, kivuli cha kila kitu kikapotea, na hapo, alisema Ami, wakati huwa hauna mshiko. Lazima mmoja asimame juani aangalie mpaka kivuli kizaliwe tena upande wa pili. Asipokuwapo mtu, adhuhuri haitoki. Aliyesimama alilipa. Mmoja alirudi na ndevu nyeupe na kahawa aliyoiacha ingali moto. Mwengine alirudi vile vile alivyo, ila jina la mamake limemtoka. Wa tatu zilipatikana ndara zake tu. Na hakuna aliyelazimishwa, Ami hakukosa kuongeza. Walikuwa wakigombea zamu.

Sehemu ya jua ni kweli tupu. Lamu iko kusini ya ikweta kwa zaidi kidogo ya digrii mbili, kwa hivyo jua hutupita utosini katikati ya Machi likienda kaskazini, na tena mwisho wa Septemba likirudi. Ami hakuyapata hayo kwenye kitabu. Alikuwa baharia, kisha muadhini, na kila Machi alivuka peke yake kwenda Takwa na fimbo yake.

Machi ya 2006 alinibishia mlango kabla ya alfajiri. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, sina kazi, nalala mpaka jua la mchana. "Ondoka," akasema. "Yeo twenda sote."

Ilikuwa bamvua, mwezi mpevu ukitua nyuma ya mji tulipokuwa tukivuka mlango wa bahari. Hori ya Takwa haiingiliki ila maji yakijaa. Tuliiingia maji yameshaanza kupwa, mimi nikisukuma upondo katikati ya mikoko, na nilijua maana yake: tukishafika, hatutoki mpaka yajae tena alasiri. Ami alikuwa amebeba maji ya kunywa, tende na mofa mbili. Kaskazi ilikuwa imechoka, joto halina mfano, na mwaka ule ukame ulikuwa umetia watu huzuni bara na pwani.

Takwa ni mibuyu, kuta za matumbawe, na msikiti wa Ijumaa wenye nguzo iliyosimama juu ya ukuta wa kibla. Nje ya ukuta wa mji kuna kaburi la nguzo, lenye mwaka wa Hijria ulioangukia 1681 au 1682 kwa Kizungu. Watu wa Shela, ambao wazee wao walitoka hapa, huja kulizuru na kuomba mvua. Tulisoma Fatiha, tukasogea kando, Ami akachimbia fimbo yake mchangani. Aliisimamisha kwa timazi, uzi wenye kipande cha risasi, akiupapasa uzi kwa vidole kuliko kuutazama. Nilidhani ndio ufundi.

Jua lilipopanda akakaa chini ya mbuyu, akaniacha mimi juani.

"Kimebaki kiasi gani?"

"Shibiri."

Baadaye tena. "Sasa?"

"Vidole vitatu."

Nikainua kichwa. Hakuwa akitazama fimbo. Uso aliuelekeza kwangu, kwenye sauti. Basi nikamwambia, "Kimekwisha, Ami," na kivuli kipo pale pale, cheusi, vidole vitatu. Akaitikia kwa kichwa na kuanza kumshukuru Mungu.

"Bado, Ami. Bado vidole vitatu."

Alinyamaza kitambo. "Ukungu," akasema. "Tangu kusi ya mwaka jana. La kulia sioni kitu, la kushoto naona kidogo." Mtoto wa jicho, macho yote mawili. Jua la baharini la maisha mazima halikumsaidia.

"Mbona hukusema?"

"Muadhini haoni, nimwambie nani?"

Ukweli ni kwamba msikitini hakuna aliyeihitaji fimbo yake. Ratiba ya sala ya mwaka mzima ilibandikwa ukutani, na saa ya betri juu yake. Nadhani ndiyo sababu aliihitaji ile tarika: mtu akiambiwa kazi yake haina faida tena, heri aambiwe ni ya hatari.

Kivuli kilitoweka saa sita na dakika ishirini na tano kwa saa yangu. Nilimwambia saa yangu imekwenda mbele. "Saa yako ni nzima," akasema, na hapo akachangamka. "Hizi saa za redio ni za jua la karibu na Mogadishu. Letu huchelewa robo saa na ushei, na Machi huongeza dakika tisa nyengine." Nimekuja kuzikokotoa mwenyewe miaka ya baadaye. Hakukosea.

Kwa madhehebu yetu ya Shafii, alasiri huingia kivuli cha kitu kikiwa sawa na kitu chenyewe, baada ya kutoa kile cha adhuhuri. Siku ile hapana cha kutoa. Ilipofika saa tisa na dakika ishirini hivi Ami akaja juani, akapima fimbo kwa uzi wa timazi, akafunga fundo. Aliniambia nitie kidole penye ncha ya kivuli. Akaunyoosha uzi mchangani mpaka fundo likagusa ukucha wangu.

"Hapo," akasema, akaadhini, tukasali wawili, maji yakipanda horini.

Njiani nilimwambia habari ya upasuaji. Alikataa mpaka tukafika gatini, akakubali baada ya Idi, na jicho la kushoto likafunguka vizuri kuliko la kulia. Lakini kabla ya hapo, barazani, tarika ilikwisha kupata mlinzi mpya: kijana mvivu wa kidato cha nne, aliyesimama zamu akatolewa mwaka mmoja wa umri wake. Nikamuuliza mbele ya watu kwa nini wenzangu walilipa ndevu na majina ya mama zao, mimi mwaka mmoja tu.

"Huna ndevu," akasema, "na mamako yuko hai, atanisuta. Kunywa kahawa."