Mayi, si mayayi

Kilichoniponza ni silabi moja. Ilikuwa Jumatano, tarehe 13 Aprili 2022, Ramadhani chungu cha kumi na mbili, nami nimesimama jikoni kwa bibi mmoja wa Kiyahudi huko Uccle, kusini mwa Brussels, kijiko mkononi na nusu kilo ya jozi zilizosagwa kwenye bakuli mbele yangu. Kwa asiyezijua, jozi ni zile kokwa ambazo ukizivunja ndani zimekunjamana kama ubongo. Tanga nilizisikia kwa jina tu.

Nilikuwa na wiki ya tatu kwake. Hapa Ubelgiji mwenye nyumba hununua vocha zinazoitwa titres-services, kila vocha ni saa moja ya kazi, na kampuni humpelekea mtu wa kusafisha, kupiga pasi na kupika. Karatasi yangu iliandika kwamba bibi ni mjane wa miaka 88 na anazungumza Kifaransa. Siku ya kwanza ulimi ukaniteleza, nikamwamkia "Shikamoo" kama ninavyomwamkia mtu mzima yeyote. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Jambo sana, mama. Unatoka wapi weye?"

Nusura niangushe ndoo.

Alizaliwa kisiwa cha Rhodes mwaka 1934, enzi za Waitaliano, katika mtaa wa Wayahudi ambao nyumbani walisema Kihispania cha kale walichotoka nacho Uhispania karne nyingi nyuma. Mwaka 1938 serikali ya Mussolini ikatoa sheria dhidi ya Wayahudi. Mwaka uliofuata baba yake akawapakia kwenye meli, kisha treni, mpaka Elisabethville, Kongo ya Wabelgiji, ambako ndugu yake alikuwa na duka la vitambaa. Watu wa Rhodes walikuwa wengi mjini hapo na walikwisha kujenga sinagogi lao. Huko ndiko alikokulia, akaolewa, akazaa. Mji ukaitwa Lubumbashi. Mobutu alipotaifisha maduka ya wageni mwishoni mwa 1973, wakahama tena, wakaja Brussels.

Kiswahili chake basi kilikuwa cha Lubumbashi, na mimi, Mungu anisamehe, nilikidharau. Mtu wa Tanga tena! Akisema "bintu", namrekebisha: vitu. Akisema "batoto", nasema: watoto. Alinivumilia siku mbili tatu, ya nne akaniambia bila kuinua macho kwenye gazeti, "Kwetu ni bintu." Nikaacha, lakini moyoni sikuacha. Na kuna jambo jingine lililonikera ambalo sikulisema: maneno aliyoyajua vizuri kuliko yote yalikuwa leta, weka, ondoa, upesi. Unajua mara moja Kiswahili cha namna hiyo kilijifunziwa chumba gani cha nyumba, na nani alikuwa akiambiwa.

Wiki ile ilikuwa ya Pasaka yao, inaanza Ijumaa magharibi. Kisa cha Nabii Musa nilikijua tangu madrasa. Sikujua kwamba kina kazi kubwa namna hii kwenye makabati. Wana wa Israeli walitoka Misri kwa haraka, unga wao haukupata muda wa kuumuka, kwa hiyo kwa siku nane nyumba isiwe na chembe ya kitu kilichochachuka: mkate, tambi, biskuti, chochote cha ngano au shayiri na jamaa zake. Tulisafisha siku mbili nzima. Nilivuta droo zote nikazipangusa kwa pamba za masikio. Tosta ilihamishiwa stoo. Mkoba wangu nao ukapewa msumari wake ukumbini, usiingie jikoni, maana nani ajuaye kilichomo.

Vitamutamu vya sikukuu, kwa hiyo, havina unga. Vya kwao vinaitwa mustachudos: jozi za kusaga, sukari, yai, mdalasini, karafuu kidogo na ganda la chungwa lililokwaruzwa. Mama yake alikuwa na daftari la mapishi, lakini aliandika kwa ile herufi ya mkono ya Kiebrania waliyoitumia wazee wao, na binti hakuwahi kufundishwa kuisoma. Daftari lilikuwa mezani hata hivyo, limefunguliwa ukurasa fulani, kama shahidi asiyeweza kusema. Vipimo vilitoka kichwani mwake. "Al ojo," alisema, akajigusa chini ya jicho. Hilo halikuhitaji mkalimani. Mama yangu naye hajawahi kupima kitu.

Nikachanganya. Yai moja, sukari, viungo. Mimi nimefunga, siwezi kuonja, nasikia harufu tu ya karafuu na chungwa, na magharibi ya Brussels mwezi huo ni saa mbili na nusu usiku. Saa yangu ilisema saa tisa. Donge lilikuwa kavu, linavunjika vunjika. Bibi akaingiza kidole, akakitazama, akasema:

"Tia mayi, mama. Mbili, tatu hivi."

Nikatia. Mawili, matatu. Nikavunja yai la kwanza, la pili, na kwa kuwa alisema "hivi" nikaona bora nisibane, nikavunja la tatu. Yeye alikuwa amegeukia dirisha. Alipogeuka, bakulini mna uji.

"Mungu wangu, unafanya nini?"

"Si umesema mayai?"

"Mayi!" Akafungua bomba la sinki, maji yakamwagika kwa nguvu, akayanyooshea kidole. "Mayi! Mayi ya bomba! Bijiko mbili, tatu!" Kisha akashika ganda la yai. "Hii ni mayayi."

Nikasimama na kijiko changu. Mayi ni maji. Wiki tatu namfundisha mtu lugha, na neno la kwanza kabisa ambalo hata mtoto huanza nalo sikulijua. Kwangu alikuwa akiomba chai au kahawa tu, na chai ni chai kila mahali.

Mkono wangu ukafanya kile ambacho mkono wa mpishi yeyote hufanya akiona donge limelegea: ukaenda kabatini kutafuta unga. Aliniwahi kwenye kifundo cha mkono, na kwa miaka 88 alikuwa na nguvu. "Hapana bunga! Mu nyumba hii hakuna bunga!" Kweli hakukuwamo, tuliutoa sisi wenyewe. Lakini nadhani alitishwa na ile nia.

Dawa ya donge la jozi lililolegea ni jozi zaidi, na jozi zilikwisha. Binti yake ndiye aliyezinunua, kwenye duka analoliamini, na binti alikuwa kazini Antwerp mpaka usiku. Nikasema tulimimine kwenye trei liwe keki. Akatikisa kichwa. Wajukuu wanataka mustachudos. Akaketi, akaanza kupekua daftari asiloweza kulisoma, ukurasa baada ya ukurasa.

Sasa, kwenye ule mkoba wangu ukumbini mlikuwa na kilo moja ya karanga mbichi. Nilizinunua asubuhi Matongé, mtaa wa Waafrika hapa Brussels, kwa mama mmoja wa Kikongo, nipike kashata za kufuturia. Nilisita kusema. Mwishoni nikasema, ili tu nisiwe nimenyamaza: "Madame, mimi nina karanga. Lakini najua haziwezekani."

Akafunga daftari.

"Ni mbichi?"

"Mbichi."

"Leta."

Ndipo aliponisimulia, kwa vipande, Kiswahili na Kifaransa pamoja. Wakati wa vita meli hazikuleta tena jozi Elisabethville. Pasaka moja mama yake alikaa jikoni analia, si kwa ajili ya jozi, maana barua za Rhodes nazo zilikuwa hazifiki na bibi mzaa mama alibaki kule. "Boyi wetu akasema..." Hapo akakatika. Akanitazama usoni, kisha akaangalia meza. "Mpishi wetu. Papa mwenye alikuwa anatupikia. Yeye njo alisema, madamu, tia karanga." Mama yake akatia. Wayahudi wengi wa asili ya Ulaya Mashariki huziweka karanga kando wakati wa Pasaka, sawa na maharage, lakini wa kwao huzila. Miaka yote ya vita walikula mustachudos za karanga.

Nikamuuliza bibi yake alikuja Kongo baadaye? Akasema hapana. Julai 1944 Wajerumani waliwachukua Wayahudi wa Rhodes, zaidi ya 1,600, wakawapeleka Auschwitz. Alisema hivyo tu, akaniuliza kama kikaango ni kisafi.

Nikazikaanga karanga polepole mpaka maganda yakaanza kupasuka. Kuyatoa ndiyo kazi. Nikazifikicha ndani ya taulo la jikoni, nikazimwaga kwenye trei kubwa ya shaba aliyotoka nayo Lubumbashi, nikatoka nayo kibarazani kupepeta. Ghorofa ya tatu, upepo wa Aprili, maganda mekundu yanaruka kama vipepeo na kutua kwenye meza nyeupe ya jirani wa chini, ambaye bahati nzuri hakuwepo. Bibi alisimama mlangoni amejifunga shali, anachungulia. Akasema, "Njo vile. Njo vile alikuwa anafanya." Halafu akataka kujaribu. Mapepeto mawili, karanga nyingi zikaishia barabarani. Nikamnyang'anya trei, kwa adabu.

Karanga ukizisaga kwa pupa zinatoa mafuta, unapata siagi. Nikazisaga kidogo kidogo na sukari, mashine nazima nawasha, mpaka zikawa kama chenga za mchele. Zilizama zote zilizobaki, karibu gramu 800, ndipo donge likakubali kushikana. Yeye ndiye aliyekuwa ulimi wangu. Nampa chembe kwenye ncha ya kijiko, anafumba macho. "Mdalasini." Naongeza. "Bado." Naongeza. "Sasa sukari." Nikaanza kushuku kwamba anaongopa ili aendelee kuonja.

Ukiviringa, mikono iwe imelowa maji, la sivyo inanata. "Mayi," alinikumbusha, kwa sauti ya mwalimu. Alivifinya kileleni kwa vidole vitatu viwe na pembe kama paa la kibanda. Vyake vilisimama; vyangu vililala kama maandazi yaliyokaliwa. Nyuzi 180, dakika 12. Nilipovitoa vilikuwa laini bado, nikataka kuvirudisha, akakataa: vinakauka vyenyewe vikipoa, ukingoja vikauke ndani ya oveni umepata mawe. Alikuwa na haki.

Jioni akampigia binti yake simu. Kifaransa chao kilienda mbio lakini nilishika neno karanga mara nne. Mume wa binti ana asili ya Poland, kwao Pasaka na karanga hawajuani. Bibi hakuficha kitu. Alisema kuna karanga, nyingi, na alisema zimetoka wapi, na alisema mkwe wake ataandaliwa matunda. Alipokata simu akanigeukia. "Basi, itatutosha."

Akanifungia kumi na mbili kwenye kopo la biskuti, baada ya kulikagua kama mara tatu hivi kwamba limesuguliwa. Nilipanda tramu namba 92 nikiwa nimelipakata. Kopo lilikuwa na uvuguvugu bado. Nilifuturu kwa tende na maji, nikasali, kisha nikala moja nimesimama jikoni. Nje ukoko mwembamba, ndani laini, karafuu inakuja mwisho. Ilikuwa ni kashata iliyosoma Ulaya. Nikala nne.

Niliporudi kwake sikukuu imeisha, tosta imerudi mezani. Alikuwa kwenye kiti chake cha dirishani. "Mayi, mama," aliniambia.

Nikaenda jikoni, nikarudi na glasi ya maji mkono wa kulia na yai mkono wa kushoto. Akavitazama vyote viwili kwa makini, hana haraka. Akachukua yai, akalitia mfukoni mwa sweta lake, kisha akanyoosha mkono kupokea glasi.