Bustani ya ngazi Luchelele, Mwanza: ziwa lionekane, mabati yajifiche

Kiti kwanza, ukuta baadaye. Kwenye mteremko huu, uliokatwa ngazi za kupandia, niliweka kiti pale pa kupumzikia jioni, nikapima usawa wa macho ya mtu aliyekaa: mita 1.15 hivi. Vipimo vingine vyote vilitoka hapo.

Chini kuna mabati ya majirani, halafu Ziwa Viktoria. Ukingo wa ngazi ya juu uko mita 3 mbele ya kiti, nao nimeuinua sentimita 45 juu ya ardhi ilipo kiti. Mstari wa macho unashuka sentimita 70 ndani ya mita 3, maana yake ukifika mita 30 umeshuka mita 7. Bati lililo chini ya mstari huo limefichika. Mafundi wengi hupenda ukingo wa mita moja. Hapo utabakiwa na utepe mwembamba wa maji ya mbali.

Pembeni, fremu ni mipera miwili kwenye ngazi ya pili, mita 6 kutoka kwenye kiti. Nilitaka kuona upana wa mita 100 wa ziwa kwa umbali wa mita 200, basi uwazi kati ya majani ni mita 3. Mashina nimeyatenganisha mita 5, maana matawi yatajaza. Matawi ya chini huwa nayakata, ya juu nayaacha yakutane.

Kuta ni za mawe bila saruji, kimo sentimita 90, msingi umechimbwa sentimita 30, upana wa chini 50. Uso unaegemea mlimani sentimita 15. Kila mita moja kuna jiwe refu linaloingia hadi nyuma kufunga ukuta, na nyuma yake kokoto sentimita 30. Ukishindilia mfinyanzi mahali pa kokoto, masika maji yatakosa pa kutokea na ukuta utatoa tumbo katikati.

Majabali usiyachimbe chini. Mengine yanaonekana yamekita kumbe yamekalia udongo tu. Ukuta uishie kwenye jabali, basi.

Jenga kiangazi, Juni hadi Septemba, kisha panda mimea vuli ikianza. Na usishuke hadi majini: Sheria ya Mazingira ya 2004 inataka mita 60 kutoka ziwani.

Taa ziwe za njano, chini, mbali na kiti. Wadudu wa ziwani wakija kwa wingi, taa nyeupe juu ya meza itawamwaga kwenye chai.