Alama za Elantris Zilizozimwa na Ufa
Kati ya mifumo ya maandishi ya kichawi niliyokutana nayo katika hadithi za kubuni, hakuna ulionishughulisha kama ule wa Elantris, riwaya ya Brandon Sanderson iliyotoka mwaka 2005. Wakazi wa Elantris, mji ulioipa riwaya jina lake, huchora alama ziitwazo Aon hewani kwa ncha ya kidole, na kila mstari huacha mwanga nyuma yake. Aon Ashe huleta nuru. Aon Ien huponya. Aon Tia humsafirisha mtu, mradi mchoraji aongeze mistari ya kubainisha umbali na upande anaokwenda.

Utamu wenyewe uko katika uhusiano wa alama hizo na ardhi. (Anayekusudia kuisoma riwaya na aishie hapa.) Umbo la msingi la kila Aon ni ramani ya Arelon, nchi ulimo mji huo, na tetemeko lilipoipasua nchi hiyo, ramani ilibadilika huku watu wakiendelea kuchora ile ya zamani, hivyo alama zikawa zinang'aa kidogo na kutoweka bila kufanya kazi yoyote. Mwanamfalme Raoden anagundua kwamba kinachokosekana ni mstari mmoja tu, ule wa ufa, kisha anauchora ardhini, kwa kuwa Elantris na miji midogo iliyouzunguka ilijengwa kwa umbo la Aon Rao. Kwangu mimi, ubunifu huu unazipita mbali fimbo na maneno ya ajabu, kwani msomaji makini angeweza kuutegua mtego huo kabla ya Raoden mwenyewe.