Panki Wasiolewa

Tangu nirudi Kaimosi, kila mtu anataka kujua Marekani nilifanya nini zaidi ya masomo. Nikisema wikendi nilikuwa nikienda kusikiliza mapanki, wale vijana wa muziki wa gitaa za makelele, mazungumzo yanahamia kwa bei ya mahindi. Nyanya peke yake ndiye aliyetaka kusikia zaidi.

Nilikaa Salt Lake City, makao makuu ya kanisa la Wamormoni, mji ambao hata mitaa yake inahesabiwa kuanzia hekaluni. Ungedhani makelele ya gitaa hayawezi kuota hapo. Lakini duka la santuri la Raunch lilifunguliwa 1984, jarida la SLUG likafuata 1988, na ukumbi niliouzoea mimi, Kilby Court, ni kibanda cha kichochoroni ambacho kimekuwapo tangu 1999. Pombe haiuzwi, kwa hiyo hata mtoto wa shule anaingia.

Mapanki walionivutia zaidi ni wale wa miaka ya 1990, ambao wakubwa wetu pale walikuwa bado wanawasimulia. Waliiga msimamo wa Minor Threat, bendi ya Washington: panki asiyekunywa, asiyevuta, asiyegusa bangi. Alama yao ilikuwa X mgongoni mwa kiganja. Zamani wenye kumbi ndio waliowachora watoto hivyo ili wasiuziwe bia. Baadaye vijana wakajichora wenyewe, kwa fahari. Salt Lake wakawa wengi mpaka polisi wakawaweka kwenye orodha ya magenge. Haukuwa uonevu mtupu, maana baadhi yao walipiga watu kwa kuvuta sigara tu, na wengine wakavamia mashamba ya wanyama wanaofugwa kwa ajili ya manyoya. Hata hivyo, genge linalokataa bia, katika mji ambao wazee wa kanisa nao wanaikataza!

Nyanya ni wa kanisa la Marafiki, wale Wakweka ambao misheni yao ilianza hapa 1902, na chang'aa kwake ni shetani mwenyewe. Nilimwonyesha picha kwenye simu. Akazikagua zile nywele, akakagua na pete za puani.

"Hawa wanakunywa?"

"Hapana, Nyanya."

"Sigara?"

"Hawagusi."

"Basi wanyolewe, waje kanisani."

Nikamweleza kwamba Wamormoni nao, tangu 1833, wamefundishwa kuacha pombe, tumbaku, kahawa na chai.

"Hata chai?" Akaniangalia kama nimemtukana. "Na hao polisi waliwaacha?"