Jina kwenye Cheti cha Kifo

Hapa Kisumu hakuna haja ya kumweleza mtu uzito wa swali la nani atamzika nani. Wakili S.M. Otieno alifariki Desemba 1986, na mwili wake ukakaa miezi mitano bila kuzikwa huku mjane wake, Wambui, akishindana mahakamani na ukoo wa mumewe, Umira Kager. Wambui alishindwa, na Mei 1987 mumewe akazikwa Nyalgunga, Siaya. Huyo alikuwa mke wa ndoa halali. Asiye na cheti cha ndoa angeanzia wapi?

Ndiyo maana kesi ya Jim Obergefell wa Marekani siisomi kama habari ya harusi. Yeye na John Arthur waliishi pamoja Cincinnati kwa zaidi ya miaka 20, katika jimbo la Ohio ambalo halikuitambua ndoa ya watu wa jinsia moja. Arthur alipokuwa hawezi tena kuinuka kitandani, walikodi ndege ya wagonjwa Julai 2013 hadi Maryland, wakafungishwa ndoa humo humo ndani ya ndege, kisha wakarudi nyumbani. Obergefell alishtaki ili jina lake liandikwe kwenye cheti cha kifo cha mwenzake. Arthur alifariki Oktoba mwaka huo. Mahakama ya Juu iliamua Juni 26, 2015, majaji watano dhidi ya wanne, na ndoa hizo zikawa halali nchi nzima.

Kwetu, ibara ya 45 ya Katiba inataja haki ya kuoana na mtu wa jinsia tofauti tu. Februari 2023 Mahakama ya Juu iliporuhusu shirika la kutetea mashoga na wasagaji lisajiliwe, nilisikia abiria kwenye matatu wakiapa kwamba ndoa zimeruhusiwa, ingawa hukumu hiyo haikugusa ndoa hata kidogo.

Rafiki yangu, ambaye ameishi na mwenzake kwa miaka mingi, aliniuliza juzi kama wosia utamsaidia. Nilimjibu kwamba wosia unaweza kumwachia nyumba na akiba ya benki, lakini mwili wa marehemu si mali ya kurithisha, na mahakama hailazimiki kufuata matakwa yake kuhusu maziko. Wambui naye alikuwa amewaambia majaji kwamba mumewe hakutaka kuzikwa kijijini.