Komeo la Makoroboi

Leo nimemsindikiza mama mdogo Makoroboi, mtaa wa maduka hapa Mwanza, kununua vitenge. Yeye kamaliza kupatana bei, mimi bado nimeganda mbele ya duka moja la zamani. Mlango wa mbao, mabawa mawili, na komeo la chuma lililoshikwashikwa mpaka linang'aa kama sarafu. Rangi ya bluu inabanduka, chini yake zinachungulia herufi za Kigujarati.

Babu alinunua baiskeli yake ya kwanza mitaa hii, pesa ya pamba. Kabla ya reli ya kutoka Tabora kufika hapa mwaka 1928, mzigo wa Mwanza ulivushwa ziwa kwa meli hadi Kisumu, ndipo ukapanda treni ya kwenda Mombasa. Maduka haya yalisimama juu ya safari hiyo ndefu.

Duka la jirani limeshavunjwa. Limebaki rundo la matofali na kipande cha nguzo yenye nakshi, watoto wamekikalia wanakula miwa. Imeniuma sana, jamani.

Fundi cherehani wa barazani akaniambia, "Piga picha mwanangu, piga tu." Nimepiga nne. Komeo limo.